Namna ya Kutunza TIN na Namba ya NSSF Bila Kuota Mvi Kabla ya Wakati

Anayetimiza miaka 18 Tanzania hupata haki ya kupiga kura na, muda si mrefu, rundo la namba. Ya kwanza ni ya NIDA, yenye tarakimu 20. Akitaka leseni ya udereva anadaiwa TIN, namba ya mlipa kodi yenye tarakimu 9 inayotolewa na Mamlaka ya Mapato Tanzania, TRA. Akipata kazi kwenye kampuni binafsi anaandikishwa kwenye mfuko wa pensheni wa NSSF. Akiajiriwa serikalini, mfuko wake ni PSSSF. Hapo hatujataja akaunti ya benki, bima ya afya, na ile kumbukumbu namba ya malipo ambayo kila mtu anaiita kontroo namba, inayozaliwa upya kila unapotaka kulipa kitu serikalini.

Katika rundo lote hilo, namba ambayo watu wengi wanaijua kwa kichwa ni ya simu tu. Nyingine hutafutwa siku ya shida: chini ya godoro, kwenye simu ya zamani iliyopasuka kioo, au kwa shemeji aliyewahi kusaidia kujaza fomu mwaka ambao hakuna anayeukumbuka. Basi mwongozo huu ni wa watu hao. Utacheka hapa na pale, maana habari za kodi na pensheni zikielezwa kwa uso uliokunjwa hazishuki. Lakini kila ushauri uliomo ni wa kufuatwa, na ningependa uwafikie wote, kuanzia mlinzi wa getini hadi mwalimu wa shule binafsi anayefundisha watoto wetu kuhesabu huku michango yake mwenyewe haijahesabiwa na mtu.

Msalimie mkwe mapema

Ichukulie TIN kama mkwe. Huwezi kumpa talaka, na ukimkimbia ndipo atakapokuja na wazee. Dawa yake ni kumwamkia mapema na kujua anachotaka.

Jambo la kwanza la kujua ni kwamba mtu mmoja ana TIN moja, maisha yake yote. Karatasi ikipotea, namba haijapotea, utaichapisha tena. Asikudanganye mtu kwamba unahitaji mpya.

La pili ni kwamba kuwa na TIN na kudaiwa kodi ni mambo mawili. Juni 2022, Mwigulu Nchemba, Waziri wa Fedha wa wakati huo, alipopendekeza bungeni kwamba Watanzania wote wenye miaka 18 na kuendelea walio na namba ya NIDA wapewe TIN, vijiwe vya kahawa viliwaka moto. Watu walisikia namba, wakaona bili. Hofu ile naielewa, lakini namba haitozi mtu kodi. Kinachotozwa ni kipato. Mwenye mshahara usiozidi Sh 270,000 kwa mwezi hakatwi kodi ya mshahara hata senti tano. Muuza mitumba ambaye mauzo yake ya mwaka mzima hayazidi Sh milioni 4, kodi yake ya mapato ni sifuri. Na kijana aliyechukua TIN ili apate leseni ya udereva tu, hana anachodaiwa na mtu.

Ila hapo kwa kijana wa leseni pana mtego. Wakati wa kuomba TIN unaulizwa kama ni ya biashara au si ya biashara. Swali ni fupi, unalijibu kwa kubofya mara moja, na wapo waliolia kwa sababu ya kubofya huko. Ukisema biashara, TRA inakuamini. Inakuhesabu mfanyabiashara, inakusubiri uende kukadiriwa, na kalenda yake ina awamu nne za kulipa: mwisho wa Machi, wa Juni, wa Septemba na wa Desemba. Wewe huku umeshapata leseni yako, unaendesha daladala ya tajiri, huna hata genge la nyanya. Miaka mitatu baadaye unataka kununua pikipiki, unaambiwa kuna jambo kwenye faili lako. Kwa hiyo soma swali. Kama huna biashara, sema huna. Siku ukiipata, nenda ukaibadilishe. Sheria inakupa siku 15 tangu uanze biashara kujisajili.

Na biashara ikifa, toa taarifa ya msiba. Wafanyabiashara wetu wadogo ni hodari wa kufungua na ni wazito wa kufunga. Duka likishindwa, mtu anateremsha shata, anamrudishia mwenye nyumba ufunguo, anahamia mkoa mwingine na kuanza maisha. TRA haijui kwamba shata limeteremshwa. Kwenye mfumo wake duka liko wazi na wateja wanaingia. Andika barua, ipeleke ofisi ya TRA iliyokusajili, hakikisha nakala yako imegongwa muhuri wa kupokelewa, na itunze nakala hiyo kuliko kumbukumbu zote za duka. Hata biashara ikiwa hai lakini imedorora, unaruhusiwa kuomba makadirio yapitiwe upya kabla mwaka haujaisha. Kukaa kimya ukisubiri waone wenyewe kwamba hali ni ngumu hakujawahi kumpunguzia mtu kodi.

Kuna shemeji pia. Shemeji ana gari lake bandarini na anaomba umwazime TIN yako, kwa sababu yake "ina matatizo kidogo". Mpe chai, mpe chapati, mpe nauli ya kurudi. TIN usimpe. Gari likitoka kwa namba yako, kwa macho ya serikali wewe ndiye uliyeliagiza, na siku ukiulizwa fedha za kuliagiza ulizipata wapi, shemeji atakuwa safarini.

Kishoka na kijana wa steshenari

TIN inatolewa bure. Narudia, kwa sababu kuna watu wanalipa: bure. Ukiwa na namba ya NIDA na intaneti unaiomba mwenyewe kwenye mfumo wa TRA, na ukishindwa unaenda ofisini kwao na kusaidiwa bila malipo.

Kati yako na hiyo bure amesimama kishoka. Utamtambua kwa kasi yake. Hujafika mlangoni ameshajua shida yako, anamjua mtu wa ndani, na foleni kwake ni ya watu wasio na akili. Kishoka hauzi namba, maana namba ni bure. Anauza haraka, na haraka hiyo inakaa kwenye faili lako miaka mingi. Anajaza anwani aliyoikumbuka, anabofya "biashara" kwa sababu ndiyo ya kwanza kwenye orodha, kisha anaweka namba yake ya simu na barua pepe yake, kwa kuwa ya kwako "inasumbua mtandao". Kuanzia siku hiyo, kila ujumbe wa uthibitisho unaohusu kodi yako unaingia kwenye simu ya mtu usiyemjua jina.

Kijana wa steshenari ni mtu tofauti, na ni lazima nimtendee haki. Huyu anafanya kazi halali. Ana kompyuta, printa na uvumilivu, na mama anayetoka kijijini bila kujua pa kubofya anamhitaji kweli. Nenda kwake kwa moyo mweupe, lakini nenda na masharti. Kwanza fungua barua pepe yako mwenyewe, hata kama huandikiwi na mtu. Mazungumzo yaende hivi:

"Mama, weka tu ya kwangu, itakuwa rahisi nikikusaidia siku nyingine."

"Asante, mwanangu. Weka hii hii niliyokuja nayo."

"Na nywila nikuwekee ipi?"

"Geuka kidogo, niiandike mwenyewe."

Hatakasirika. Akikasirika, barabara hiyo hiyo ina steshenari nyingine. Kabla hujaondoka, soma kila kilichojazwa kwenye skrini, herufi kwa herufi, hata kama foleni nyuma yako inaguna. Kisha mwombe afute nakala za vitambulisho vyako kwenye kompyuta, maana kwenye kompyuta za steshenari kuna faili za nusu ya kata.

Jina moja, tafadhali

Sasa tufike kwenye ugonjwa unaowatesa watu wengi kuliko kodi yenyewe, nao ni majina.

Tunapenda majina mengi, na ni utajiri. Mtoto anapewa jina la babu, anaongezewa la dini, shuleni mwalimu anaandika anavyosikia, jeshini wanaandika kwa kifupi, ndoa inaleta la mume, na hija inaongeza Alhaji. Mtaani mambo hayo ni mazuri matupu. Kwenye mfumo wa kompyuta kila jina ni mtu mwingine. Cheti cha kuzaliwa cha RITA kinasema Shabani, cheti cha kidato cha nne kinasema Shaaban, NIDA wameandika Shaban, na kwenye kadi ya mfuko wa pensheni kuna S. J. Wewe unajiona mtu mmoja. Kompyuta inaona ukoo, na haitampa mmoja wa ukoo pensheni ya mwingine.

Wanawake ndio wanaoumia zaidi hapa. Binti anaanza kazi kwa jina la baba, anaolewa, ofisi inambadilisha kwa heshima na hongera, anahamia mwajiri wa pili kwa jina la mume, na michango yake inagawanyika kati ya bibi wawili ambao hawajawahi kuonana. Akifika miaka 55 na kutaka kustaafu kwa hiari, anaanza kutafuta viapo kwa mawakili kuthibitisha kwamba yeye ni yeye. Dada yangu, olewa, furahi, itwa unavyotaka nyumbani. Ila kwenye NIDA, TIN na mfuko wa pensheni chagua jina moja na ulishike. Ukiamua kubadilisha, badilisha kote katika msimu mmoja, kwa hati ya kiapo na cheti cha ndoa mkononi, ukianzia NIDA. Mifumo mingine sasa inasoma kutoka huko. Ukianza na mingine utarudia safari.

Wakati uko NIDA, tazama pia tarehe ya kuzaliwa. Tarakimu nane za mwanzo za namba yako ni mwaka, mwezi na siku uliyozaliwa, kwa hiyo kosa hilo unatembea nalo waziwazi. Wakumbuke waliokimbilia usajili wa laini za simu kwa alama za vidole: mwisho ulikuwa Desemba 31, 2019, ukasogezwa hadi Januari 20, 2020, na wiki zile ofisi za NIDA zilijaa watu tangu alfajiri. Kwenye msongamano kama ule mtu anataka namba tu, hasomi. Lakini tarehe ya kuzaliwa ndiyo inayosema lini unafikisha miaka 60 ya kustaafu kwa lazima. Mtu ambaye faili lake la ajira lina mwaka mmoja na NIDA ina mwaka mwingine, amejiwekea ugomvi utakaoiva akiwa hana nguvu za kugombana.

Mwajiri anayekata na kutulia

Hapa ndipo ninapoomba usome polepole, hata kama ulikuwa unaruka mistari.

Kwenye NSSF, mchango ni asilimia 20 ya mshahara, na mwajiri haruhusiwi kukukata zaidi ya asilimia 10. Iliyobaki anaitoa mwenyewe. Kwa watumishi wa umma walio PSSSF ni asilimia 5 kwa mtumishi na 15 kwa mwajiri. Fedha ikishakatwa kwenye mshahara wako, mwajiri wa NSSF anatakiwa kuifikisha kwenye mfuko ndani ya mwezi mmoja baada ya mwezi wa mshahara kuisha. Hiyo ndiyo sheria, na iko wazi.

Kisha yupo mwajiri anayekata na kutulia. Hati yako ya mshahara, ile salari slipu, ina mstari mzuri kabisa ulioandikwa NSSF na tarakimu mbele yake. Mkono wako umepokea pungufu. Mfuko haujapokea kitu. Fedha zimekwenda kulipa mafuta ya gari la kampuni, au kodi ya ofisi, au deni la tajiri ambalo halikuhusu. Ukiuliza, mazungumzo yanakuwa mafupi:

"Mzee, samahani, nimeangalia NSSF, naona miezi minane haipo."

"Ipo, kijana wangu. Mtandao wao huo. Chapa kazi."

Mtandao umesingiziwa mengi katika nchi hii, na hili nalo wanaubebesha. Mimi kitendo hicho nakiita wizi, na mwizi wa aina hii ni mbaya kuliko anayekupora simu Kariakoo, kwa sababu wa Kariakoo unamjua saa ile ile na unapiga kelele. Huyu unamgundua miaka 20 baadaye, kampuni imeshafungwa na mhasibu wake ameshafariki.

Tazama hesabu, ni fupi. Ili upate pensheni ya kila mwezi unahitaji michango isiyopungua miezi 180, yaani miaka 15. Kisha kila mwezi uliochangiwa unahesabiwa: pensheni kamili ya mwaka ni idadi ya miezi, mara wastani wa mshahara wako wa mwaka, gawanya kwa 580. Tuseme wastani wako ni Sh 800,000 kwa mwezi, sawa na Sh 9,600,000 kwa mwaka. Mwajiri mmoja amekaa na michango ya miezi 24. Miezi hiyo 24 mara 9,600,000, gawanya kwa 580, inakuwa karibu Sh 397,000. Hicho ndicho kinachopungua kwenye pensheni yako kamili ya kila mwaka, kabla haijagawanywa kati ya mkupuo na malipo ya mwezi, kwa miaka yote utakayoishi baada ya kustaafu. Na kama ulikuwa na miezi 190, ukipoteza 24 umeshuka chini ya 180. Hapo hatuzungumzii tena pensheni ndogo. Pensheni ya mwezi haipo, unalipwa mara moja na kuagwa.

Taifa hili limewahi kugombana kwa sauti kubwa juu ya kikokotoo, yaani kanuni ya kukokotoa mafao ya mstaafu, na lilifanya vizuri kugombana. Kanuni za 2018 zilipopunguza mkupuo hadi asilimia 25, wafanyakazi walikuja juu, na Desemba 28, 2018 Rais Magufuli akaagiza utaratibu wa zamani uendelee. Julai 2022 ikaja asilimia 33 kwa wote. Bajeti ya Juni 2024 ikapandisha: 40 kwa waliokuwa wakipata 50 zamani, na 35 kwa wale waliokuwa kwenye 25. Kila fundi, kila mwalimu, kila nesi aliweza kukutajia asilimia hizo bila kusita. Waulize hao hao wana miezi mingapi iliyoingia kwenye akaunti zao, na kijiwe kinanyamaza. Hili linanisikitisha kuliko kikokotoo chenyewe. Asilimia 33, 40 au 50 ya michango ambayo haikupelekwa ni sifuri, na hakuna bajeti itakayoipandisha.

Kwa hiyo usisubiri ustaafu ndipo ujue una nini. Mifuko yote miwili inatoa taarifa ya michango kwa mwanachama, kwa simu, kwenye mtandao au ofisini kwao. Chagua siku isiyosahaulika, mathalani siku ya kuzaliwa ya mtoto wako wa kwanza na nyingine miezi sita baadaye, uombe taarifa na uilinganishe na salari slipu zako mwezi kwa mwezi. Mwezi ukikosekana, muulize mwajiri kwa maandishi na kwa adabu. Jibu likiwa ni mtandao, nenda ofisi ya mfuko iliyo karibu nawe na salari slipu mkononi. Mfuko una wakaguzi wa kwenda kwa mwajiri, una haki ya kumtoza adhabu ya ucheleweshaji, na una haki ya kumfikisha mahakamani. Kama mko kumi mnaodai miezi ile ile, nendeni kumi. Mkiwa na chama cha wafanyakazi, pitieni humo. Mtu mmoja anaitwa mchochezi. Watu kumi wanaitwa wafanyakazi.

Usidhani michango ni ya uzeeni tu, ukasema bado kijana. Fao la uzazi linatazama michango. Ukiachishwa kazi kwa sababu isiyo kosa lako, fao la upotevu wa ajira ni asilimia 33.3 ya mshahara kwa miezi 6, na linahitaji uwe umechangia angalau miezi 18. Aliyeachishwa kazi akiwa na miezi 17 kwenye mfumo, huku amefanya kazi miaka mitatu, hahitaji mtu wa kumweleza uchungu wa mwezi mmoja uliopotea.

Ukibadilisha kazi, namba yako ya uanachama unahama nayo. Mpe mwajiri mpya namba ya zamani siku ya kwanza. Mhasibu mvivu atakwambia ni rahisi zaidi kukusajili upya. Mwambie kwa upole kwamba wewe si mtoto mchanga. Waliokuwa kwenye PPF, PSPF, LAPF au GEPF wakumbuke kwamba mifuko hiyo iliunganishwa kuwa PSSSF tangu Agosti 1, 2018. Kama bado una kadi ya zamani, itunze, kisha uhakikishe miaka yako ya huko nyuma imehamishwa pamoja nawe. Zanzibar kuna ZanID na kuna ZSSF. Ofisi ni nyingine, ila ushauri wa kukagua michango ni huu huu.

Siri ya nyumbani

Nimewahi kuuziwa karanga zilizofungwa kwenye nakala ya salari slipu ya mtu. Jina lake lilikuwepo, mshahara ulikuwepo, namba ya uanachama, na makato ya mkopo wa kiti cha sofa. Karanga zilikuwa tamu. Mwenye slipu sikumjua, lakini muuza karanga na wateja wake wote siku hiyo tulijua anachobaki nacho mwisho wa mwezi.

Nakala za vitambulisho tunazigawa ovyo. Lango la kila jengo linataka picha ya kitambulisho, kila wakala anataka nakala, kila kikundi cha kukopeshana kinataka faili. Tangu Mei 1, 2023 tuna Sheria ya Ulinzi wa Taarifa Binafsi inayofanya kazi, iliyotungwa 2022, kwa hiyo una haki ya kumuuliza anayechukua taarifa zako anazitaka kwa kazi gani na atazitunza wapi. Uliza. Ukitoa nakala, andika juu yake kwa kalamu imetolewa kwa nani, kwa kazi gani, na tarehe. Nakala iliyoandikwa "kwa ajili ya kupanga chumba" ni vigumu kuombea mkopo.

Kisha chukua simu sasa hivi na ubonyeze *106#. Utaona laini zilizosajiliwa kwa namba yako ya NIDA. Ukiona laini usiyoijua, nenda kwa kampuni ya simu ukaikane siku hiyo hiyo, maana kila litakalofanywa na laini hiyo limeandikwa jina lako. Wale ndugu zetu wasiochoka, wanaotutumia ujumbe wa "ile pesa tuma kwenye namba hii", wanaishi kwa laini za majina ya watu. Ujumbe wao upeleke 15040, bure, kisha endelea na ugali wako. Na mtu akipiga akisema ni wa TRA au wa mfuko wa pensheni, anaomba nywila au tarakimu zilizoingia kwenye simu yako, kata. Ofisi ya kweli haihitaji nywila yako kufungua mfumo wake yenyewe.

Bahasha

Nunua bahasha moja ngumu ya plastiki. Weka ndani yake cheti cha kuzaliwa, namba ya NIDA, karatasi ya TIN, kadi ya mfuko, mikataba yote ya ajira, barua za kuacha kazi, salari slipu ya kila mwezi, cheti cha ndoa na vyeti vya kuzaliwa vya watoto. Kila karatasi ipige picha, uitume kwenye barua pepe yako ile uliyofungua kabla ya kwenda steshenari.

Halafu fanya jambo ambalo wanaume wengi wa nchi hii hawalifanyi: mwonyeshe mwenzako bahasha ilipo. Mweleze ni mfuko gani, namba ipi, mwajiri nani. Wapo wajane wanaosimama kaunta za mifuko ya pensheni wakiwa na cheti cha kifo na hawana kingine, kwa sababu marehemu aliona mshahara na michango ni siri ya mwanamume. Mafao ya warithi yapo kisheria, lakini hayawezi kumtafuta mjane nyumbani kwake. Anayatafuta yeye, akiwa kwenye eda au kwenye kilio, ofisi kwa ofisi.

Ukimaliza kusoma, omba taarifa yako ya michango kabla wiki hii haijaisha. Ukiikuta kamili, mshukuru mwajiri wako hadharani, anastahili. Ukiikuta na mashimo, orodhesha miezi, kusanya wenzako, mwende kwenye mfuko mkiwa na salari slipu zenu.